Je, kuna mashine ya kuonyesha mambo ya kale? Jibu kwa msomaji wa Tukuyu

"Shikamoo Mwalimu. Kwenye grupu letu la kwaya imezunguka video inayosema Vatikani wameficha mashine iitwayo kronovisa, inayoonyesha mambo ya zamani kama televisheni inavyoonyesha mpira. Wameweka na picha ya Yesu msalabani, wanasema imetoka humo. Mwanangu wa kidato cha tatu anasema inawezekana kabisa, maana mwanga haupotei, unasafiri tu. Mimi nina sababu yangu ya kuuliza. Babu mzaa mama alichukuliwa Keya, jeshi la wakoloni, wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, akapelekwa Bama, yaani Burma, hakurudi. Mama alikuwa mchanga wa miezi michache. Hatuna picha ya babu hata moja. Je, mashine hiyo ipo? Na kama haipo, itawezekana siku moja?"

Marahaba, binti yangu. Nikujibu kwanza kwa ufupi, usije ukasoma roho ikiwa juu: mashine hiyo haipo, haikuwahi kuwepo, na kwa jinsi inavyosimuliwa haitakuwepo. Ila kijana wako ametamka jambo moja la kweli ambalo lazima nilitendee haki, na habari ya babu yako ina njia ambazo mnaweza kuanza kuzifuata wiki hii. Nivumilie, nitafika.

Video hiyo imewashika watu kwa sababu aliyeitengeneza hakubuni kila kitu. Padri Pellegrino Ernetti alikuwepo kweli. Alizaliwa mwaka 1925, akawa mtawa Mbenediktini, shirika ambalo sisi huku tunalijua kwa Peramiho na Ndanda, akaishi katika abasia ya San Giorgio Maggiore, kisiwani Venice. Alikuwa msomi wa muziki wa kale, ule ulioimbwa kabla watu hawajaanza kupanga sauti ya kwanza, ya pili, ya tatu na ya nne kama mnavyofanya nyinyi wanakwaya, na aliufundisha katika chuo cha muziki cha mji huo. Tena alikuwa padri mpunga pepo, watu wakimjia na shida zao. Hakuwa mtu wa mitaani. Ndiyo maana aliposema, alisikilizwa.

Alisema hadharani tarehe 2 Mei 1972, katika La Domenica del Corriere, gazeti la kila wiki lililosomwa Italia nzima. Maelezo yake yalikuwa haya: kila tukio huacha nyuma yake mabaki ya mwanga na sauti, mabaki hayo hayafi, na yeye pamoja na wanasayansi 12 walikuwa wameunda chombo cha kuyanasa na kuyarudisha kuwa picha. Katika majina yaliyokuja kutajwa kwenye kundi hilo wamo Enrico Fermi, mwanafizikia mkubwa wa Italia, na Wernher von Braun, mtengenezaji wa roketi. Wamemwona Napoleon, alisema. Wamemsikia Cicero akihutubia Roma. Wametazama tamthilia ya mshairi Ennius ikichezwa mwaka 169 kabla ya Kristo, na wamefuata mateso ya Bwana mpaka Golgotha. Chombo chenyewe kikavunjwa, kwa kuwa atakayekishika hakuna siri ya mtu itakayobaki salama mbele yake.

Chanzo cha yote, kwa masimulizi yake, ni asubuhi moja ya mwaka 1952 katika Chuo Kikuu cha Kikatoliki cha Milano. Alikuwa na Padri Agostino Gemelli, mwanzilishi wa chuo hicho, wakichuja sauti za nyimbo za Kigregori zilizorekodiwa kwenye waya wa sumaku. Waya ule ulikuwa ukikatika kila mara, na Gemelli, kwa kuchoka, akamwita baba yake marehemu amsaidie. Walipousikiliza waya tena, inasemekana, badala ya wimbo walisikia sauti ya baba yule akimjibu mwanawe. Mtu aliyefiwa na mzazi akiisikia habari hii lazima imguse, mimi pia hunigusa kila ninapoisoma. Lakini kuguswa si ushahidi, na Ernetti mwenyewe alitoa vitu viwili vinavyoweza kupimwa. Tuvipime.

Cha kwanza ni ile picha ya Yesu, iliyochapwa na gazeti lile. Ni uso wa mtu mwenye ndevu, macho yameinuliwa juu, mdomo umeachama kidogo kama anayevuta pumzi ya mwisho. Gazeti lilipotoka, haukupita muda mrefu msomaji mmoja akaitambua. Katika mkoa wa Umbria kuna mji mdogo wa Collevalenza, wenye patakatifu pa Upendo wenye Huruma, na humo kuna msalaba mkubwa uliochongwa na mchongaji wa Kihispania. Mahujaji wakifika hapo hununua kadi za posta zenye picha ya uso wa sanamu ile. Ziweke hizo mbili pembeni, kadi na picha ya gazetini, moja ukiigeuza kushoto kulia kama kwenye kioo: macho ni yale yale, mdomo ni ule ule, na kivuli kimeangukia pale pale kwenye shavu. Na jambo la kivuli ndilo kubwa. Nyuso mbili zinaweza kufanana, lakini kivuli kinategemea taa iliwekwa wapi siku picha inapigwa. Jua la Yerusalemu na taa ya kanisa la Umbria haviwezi kuchora kivuli kimoja.

Cha pili ni maneno ya ile tamthilia ya Ennius. Tamthilia yenyewe ilipotea zamani, imebaki mistari iliyonukuliwa na waandishi wengine. Ernetti alitoa kile alichosema ni matini yake, iliyonakiliwa kutoka kwenye mashine. Wajuzi wa Kilatini wakaisoma wakakuta ni fupi mno kwa tamthilia ya jukwaani, na ndani yake mna maneno ambayo kwa ushahidi uliopo hayakutumika mpaka karne mbili na zaidi baadaye. Wewe ni mtu wa lugha, utanielewa. Mtu akikuletea barua akasema imeandikwa Kilwa mwaka 1331, ule mwaka Ibn Battuta alipopita hapo, nawe ukakuta ndani yake neno "meza", utajua mara moja. Neno hilo tumelipata kwa Wareno, na Wareno walikuwa hawajafika.

Kuhusu Fermi, alifariki mwaka 1954, miaka 18 kabla ya gazeti kutoka. Hakuweza kuulizwa.

Ernetti alifariki mwaka 1994, na padri mmoja Mfaransa aliyekuwa rafiki yake ameandika kitabu kizima cha kumtetea. Simhukumu marehemu. Moyo wa mtu ni msitu. Ninachosema ni kwamba vitu viwili alivyovitoa mezani, vyote viwili vilikuwa na njia fupi zaidi ya kufika pale kuliko ile aliyoitaja.

Sasa tumrudie kijana wako, maana hoja yake ni nzito kuliko video. Wanafunzi wangu nimekuwa nikiwafundisha swali moja kwa miaka mingi, na nataka alichukue: tukio lilipopita, ni kitu gani kilipokea alama yake, na alama hiyo imekaa wapi tangu siku ile? Usiulize kwanza mashine ni ya aina gani. Uliza alama iko wapi. Kama hakuna kilichopokea, hakuna mashine itakayosoma.

Mwanga unasafiri, ni kweli kabisa. Jua unaloliona liko nyuma kwa dakika nane na ushee. Tuseme babu yako alisimama mahali peupe siku moja ya mwaka 1944, jua likampiga usoni. Mwanga ulioruka kutoka usoni pake kuelekea angani uko njiani mpaka leo. Umekwenda zaidi ya miaka 80 kwa mwendo wa kilomita 300,000 hivi kila sekunde. Nyota ya Aldebaran, ile nyekundu ya kundi la Ng'ombe, iko umbali wa miaka ya nuru 65, kwa hiyo mwanga ule umeshapita umbali huo. Kijana hajakosea.

Shida ya kwanza ni kwamba unakwenda, haurudi, na hakuna kinachoweza kuukimbiza kikaupita. Shida ya pili ni kwamba hauendi kama mshale. Unatawanyika pande zote kama harufu ya udi. Nimekaa na kalamu nikapiga hesabu ya haraka. Tuseme kuna mtu kule, umbali wa miaka ya nuru 80, amejenga kioo cha darubini chenye ukubwa wa kilomita moja ya mraba. Kwa mwanga ulioakisiwa na mwili wa mtu mmoja, kioo hicho kingesubiri karibu miaka elfu moja kupata fotoni moja, yaani punje moja ya mwanga. Punje moja haichori uso. Na hata kama mwanga ungekuwa tele, ili kutofautisha kichwa cha mtu na bega lake kutoka umbali ule, kioo kingehitaji upana wa karibu kilomita bilioni nne. Kutoka hapa mpaka kwenye jua ni kilomita milioni 150, kwa hiyo kioo hicho kina upana wa karibu safari 27 za kwenda kwenye jua.

Tena nimesema "mahali peupe". Bonde la Kabaw huko Bama, walikopita askari wetu mwaka 1944, lilikuwa msitu na masika ya wingu zito miezi na miezi. Mwanga uliogonga jani ukaishia kuwa joto la jani. Hapo alama ilipokewa, ila haikutunzwa.

Lakini kuna jambo litakalomfurahisha kijana, na ni la kweli tupu. Mwezi Novemba 1572 iliwaka angani nyota mpya katika kundi la Kasiopea, ikang'aa hata mchana. Mwanaastronomia wa Denmaki, Tycho Brahe, aliiandika habari yake kwa makini. Ilikuwa nyota inayolipuka. Ikafifia, ikapotea, na watu wote walioiona wakafa. Mwaka 2008, miaka 436 baadaye, wanaastronomia wakitumia darubini ya Subaru iliyoko Hawaii waliunasa mwanga wa mlipuko ule ule. Sehemu ya mwanga ilikuwa imekwenda upande mwingine, ikagonga mawingu ya vumbi yaliyo mbali, ikarudishwa kwetu kama mwangwi unavyorudi kutoka mlimani. Wakautawanya rangi zake wakajua ilikuwa nyota ya aina gani na ililipuka kwa njia gani, jambo ambalo Tycho mwenyewe hakuweza kulijua. Hapo ndipo binadamu amekaribia zaidi kutazama zamani kwa macho. Uliza lile swali langu na jibu lipo: vumbi lilipokea, vumbi likarudisha. Na iliwezekana kwa sababu nyota inayolipuka hung'aa kama mabilioni ya majua.

Sauti nayo haina hata bahati hiyo. Mwaka 1837 Mwingereza Charles Babbage, yule aliyebuni mashine za hesabu kabla ya kompyuta, aliandika kwamba hewa ni kama maktaba kubwa, kila neno lililowahi kutamkwa limo ndani yake milele. Wazo tamu, na nadhani Ernetti alikuwa akiogelea katika mto huo huo. Lakini sauti ni msukumo tu wa hewa, na msukumo ule hugeuka joto dogo ndani ya muda mfupi. Punje za hewa zinatikisika zenyewe kwa nguvu kuliko salio la neno lako. Ukitia chumvi kijiko kimoja katika Ziwa Nyasa huwezi kurudi kesho ukakichota.

Isipokuwa pale kitu kilipokuwepo kuipokea. Mwaka 1860, Paris, mtu aitwaye Édouard-Léon Scott de Martinville alizungushia karatasi kwenye pipa dogo, akaipaka masizi ya taa, akaweka unywele mgumu wa mnyama uiguse. Akaimba mbele ya pembe iliyounganishwa na unywele ule huku pipa likizungushwa. Sauti ikatikisa unywele, unywele ukachora mstari uliopindapinda ndani ya masizi. Hakuwa na nia ya kusikiliza. Alitaka kuiona sauti kwa macho, basi, na kwa karatasi ile peke yake hakukuwa na njia yoyote ya kuifanya iimbe. Ikakaa kwenye kumbukumbu za Paris karibu miaka 150. Mwaka 2008 watafiti wa Marekani waliisoma mistari ile kwa kompyuta ikatoa sekunde chache za wimbo wa watoto wa Kifaransa. Mwanzoni wakadhani ni sauti ya msichana. Mwaka uliofuata wakagundua kuwa walikuwa wameicheza kwa mwendo mara mbili ya uliotakiwa. Walipoipunguza ikawa sauti ya mwanamume anayeimba polepole, kwa uangalifu, pengine Scott mwenyewe. Nimeisikiliza mara nyingi. Imejaa makwaruzo, na katikati ya makwaruzo kuna mtu.

Tazama hapo kosa la mwendo na jinsi lilivyosahihishwa. Alama ikiwepo, mtu anaweza kukosea kuisoma, akarudi, akaisoma tena, na mwingine akamkagua. Mashine ya Ernetti haikuwa na kitu cha kurudia.

Ukishazoea swali hili utaona majibu kila mahali. Huko Laetoli, Ngorongoro, jopo la Mary Leakey lilikuta mwaka 1978 nyayo za viumbe waliotembea wima miaka milioni 3.66 hivi iliyopita. Volkano ilitema jivu, mvua ya manyunyu ikalilowesha, wakapita, jua likalikausha kama saruji, jivu jingine likafunika. Kidole gumba cha mguu kimeelekea mbele kama cha kwako. Saa chache za matope mabichi ndizo zilizopokea. Katika mji wa Herculaneum, Italia, vitabu vya magombo vilichomwa na volkano ya Vesuvius mwaka 79 vikawa kama makaa. Ukikigusa kimoja kinamomonyoka, lakini tangu mwaka 2023 vijana wa kompyuta wameanza kuvisoma bila kuvifungua, kwa eksirei na programu zinazotambua wino ndani ya makaa. Neno la kwanza kusomwa lilikuwa la Kigiriki lenye maana ya rangi ya zambarau.

Na pwani yetu, mwaka 2023 hiyo hiyo, watafiti, miongoni mwao Profesa Chapurukha Kusimba wa Kenya, walitoa matokeo ya vinasaba vya watu 80 waliozikwa kati ya miaka ya 1250 na 1800 huko Kilwa, Songo Mnara, Mtwapa, Manda na kwingineko. Kwa muda mrefu kulikuwa na ubishi: mila ya Washirazi, kwamba wazee wa pwani walitoka Uajemi, ni kweli au ni majivuno? Mifupa ikasema kuanzia mwaka 1000 hivi watu wa hapa walichanganyika na wageni. Upande wa mama ulikuwa Mwafrika kwa sehemu kubwa sana, na wageni wale wa mwanzo walikuwa hasa wanaume wenye asili ya Uajemi. Waliosema mji ulijengwa na wageni peke yao wamekosea, na waliosema hadithi za wazee ni uzushi mtupu nao wamekosea. Alama ilikuwa ndani ya mfupa.

Nimeitaja mifupa kwa makusudi, kwa sababu sasa tunafika kwa babu yako.

Alama yake kubwa kuliko zote mnayo nyumbani. Nusu ya vinasaba vya mama yako vimetoka kwake. Kama mama yu hai, kaa naye jioni moja umwulize bibi yako alikuwa akimwambia amefanana na baba yake wapi: mwendo, kidevu, pengo la meno, namna ya kucheka. Kila mjane niliyewahi kumhoji alikuwa na jibu la swali hilo, na watoto wake walikuwa hawajawahi kuliandika. Rekodi kwa simu yako, kisha andika kwenye daftari. Simu huanguka majini.

Halafu jeshi. Jeshi la kikoloni halikuwajali sana vijana wetu, lakini liliandika. Keya, yaani King's African Rifles, iliunda uti wa mgongo wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Wakiwemo vijana wa Tanganyika, walishuka Bonde la Kabaw kuanzia Agosti 1944 katika mvua, matope na malaria, na Desemba mwanzoni wakafika Kalewa kwenye mto Chindwin, ambako wahandisi walitandaza daraja la vyuma la zaidi ya mita 350. Kamera zilikuwepo. Makumbusho ya Vita ya London, Imperial War Museum, yana picha za askari wa Afrika Mashariki katika bonde lile na kwenye mto ule, na nyingi zinaonekana bure kwenye intaneti. Kwa kawaida nyuso hazina majina. Siwezi kukuahidi kuwa babu yumo. Naweza kukuambia kuwa matope aliyokanyaga yamo.

Jina lake ndilo la kutafuta kwanza. Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ina orodha ya waliokufa katika vita vile, unatafuta bila malipo kwa jina. Mara nyingine orodha huandika hadi jina la baba na kijiji. Waliokufa Burma bila kaburi kujulikana wameandikwa kwenye mnara wa Rangoon uliopo makaburi ya Taukkyan. Lakini usimtafute huko tu. Tarehe 12 Februari 1944 meli ya Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa na nyambizi ya Kijapani ikazama kwa dakika chache. Kati ya watu 1,511 waliokuwamo, 1,297 walikufa, wengi wakiwa askari wa mizinga wa Afrika Mashariki. Huenda familia zao ziliambiwa wamekwenda Bama, na hawakufika. Waliopotea hivyo wanakumbukwa kwenye mnara ulio katika makaburi ya vita ya barabara ya Ngong, Nairobi. Kama bibi yako alisema kuwa barua hazikuja kabisa tangu aondoke, mlango huu ubisheni.

Ukitafuta, usiandike jina kama mnavyoliandika leo. Karani wa jeshi aliandika alichosikia, na wengi hawakujua Kinyakyusa. "Mwaky" iligeuka "Mwaki" au "Mwachi". L ikawa R. Jina la ubatizo likawekwa mbele, au likawa ndilo jina pekee. Yohani akawa Johan. Niliwahi kusaidia ukoo mmoja uliotafuta miaka minne bila mafanikio, kumbe mzee wao alikuwa ameandikwa kwa jina la mjomba wake, aliyempeleka kituoni siku ya kuandikishwa. Tulimpata kwa jina la kijiji. Kama mna karatasi yoyote, ya malipo, ya kuitwa, bahasha hata ikiwa tupu, angalia namba ya jeshi, ambayo mara nyingi ina herufi mbele ya tarakimu. Karani akikosea jina, namba haimkosei mtu.

Mkiwa Dar es Salaam, jalada za wilaya ya Rungwe za wakati ule zitafutwe Nyaraka za Taifa. Na gazeti la Mambo Leo, lililotolewa na serikali tangu mwaka 1923, lina habari nyingi za miaka ya vita. Haya yanataka siku kadhaa za kukaa na kufunua karatasi.

Onyo moja. Siku hizi kuna programu za simu zinazotengeneza uso wa mtu kutokana na maelezo, au zinazochukua sura ya mama yako zikampa sharubu na kofia ya Keya. Mtu atakuja kukuuzia "picha ya babu" na utatamani kuinunua. Hapo hakuna kilichopokea mwanga wa uso wake. Ni mchoro wa kubahatisha. Ukiutaka kwa upendo tu, sawa, ila andika chini yake kwa kalamu ya wino kuwa ni mchoro na mwaka uliotengenezwa, ili mjukuu wako asije akadanganyika miaka 50 ijayo kama watu walivyodanganyika kwa ile kadi ya Collevalenza.

Kwenye grupu la kwaya, usigombane na mtu. Tuma picha ya gazeti na picha ya sanamu pamoja, moja ikiwa imegeuzwa kama kwenye kioo, waambie watazame kivuli cha shavuni.

Nawe niandikie jina kamili la babu kama bibi alivyolitamka, jina la baba yake na la mjomba wake mkubwa, kijiji, dhehebu lililombatiza, na msimu aliochukuliwa, hata kama ni "baada ya kuvuna" tu. Kijana akupigie mstari chini ya herufi zinazoweza kusikika vibaya kwa mgeni. Nitaanza na hizo.